Simba Aliyetoka kwa Wala Majani

Mimi ni mtoto wa wafugaji wa vilima vya Masisi. Kabla sijajua kusoma, nilijua kukadiria umri wa ng'ombe kwa kumfungua mdomo na kutazama meno. Ndiyo maana, darasani Munigi, nje kidogo ya Goma, nilithubutu kubishana na mwalimu wetu wa biolojia, mama mmoja wa Butembo.

Alikuwa ametuchorea ubaoni fuvu la simba mwenye mfuko, mnyama wa Australia aliyetoweka zamani sana, ambaye jike wake alibeba mtoto mfukoni kama kangaruu. Akauliza ndugu zake ni akina nani. Nikajibu haraka: simba na chui.

"Hapana. Ni koala na wombati, wala majani."

"Madamu, haiwezekani! Meno haya ni ya kukata nyama. Meno hayadanganyi."

Nilingoja kufukuzwa. Yeye akapangusa chaki mikononi, akasema, "Kesho, basi."

Kesho yake alileta taya mbili alizozichemsha mwenyewe, ya mbwa na ya sungura, akaniita mbele.

"Mbwa anatoboa nyama kwa meno gani?"

"Chonge."

"Sasa hesabu meno kwenye mchoro, kuanzia mbele. Huyu je?"

Nilihesabu mara mbili. Yale niliyoyadhani chonge yalikuwa meno ya mbele kabisa, kama yale sungura anayokatia karoti.

"Sungura si ndugu yake," akaniwahi. "Nimemuleta muone nafasi ya meno tu. Lakini kangaruu na wombati wana meno mawili ya chini yanayotokeza mbele, kama huyu. Babu zake walikula majani, chonge zikapungua. Uzao wao ulipogeukia nyama, ukatumia meno yaliyobaki."

Niliona haya. Nikamwomba msamaha.

"Musamaha wa nini, mutoto wangu? Ulisema ulichokiona. Sasa umeona zaidi."

Vita vilipofunga shule, mimi na wazazi wangu tukajibana kwa shangazi yangu, mtaa wa Mapendo, Goma. Madamu alitutafuta kwa miguu mpaka akatupata, akanipa kitabu chake cha biolojia, cha Kifaransa, alichokuwa nacho kimoja tu. Hakukaa hata kunywa chai.

Leo nami nafundisha biolojia hapa Goma. Mwaka jana nilipata namba yake, nikampigia Butembo kumshukuru. Nilisema mengi. Alinisikiliza mpaka mwisho, akashusha pumzi, kisha akaniuliza kama nimekula.