Wilfred Amerudi

Hebu mwone akiingia kanisani hapa Kiwanjani, katekista wetu, viatu vimejaa vumbi, kidole ndani ya kitabu cha watakatifu. Kabla ya kila ubatizo hukohoa, hufuta miwani kwa ncha ya shati, halafu huwaeleza wazazi mtoto wao anabeba jina la nani. Jumapili, Makandi alimleta mwanawe aitwe Wilfred. "Huyo alikuwa askofu kule Uingereza, zamani sana," katekista akasema kwa sauti yake ya kubembeleza. "Ndiye atamlinda mtoto." Mama mkwe wa Makandi akamvuta mtoto kifuani. "Askofu gani? Wilfred ni mzee wangu, tulimzika juzi, na huyu ndiye amerudi. Ukimpa Mzungu, si nitabaki mjane mara ya pili?" Katekista akafuta miwani, akaivaa, akaivua tena. "Lakini nyanya, hata mzee aliitwa hivyo kwa ajili ya askofu." "Kwani miaka yote hiyo nilikuwa nampikia nani?" Padri, maji mkononi, akauliza mtoto ni nani. Katekista akamtazama mtoto, naye mtoto akamkazia macho kama mtu anayemfahamu. Wewe ungemjibu padri vipi?