Balilia Kambale, na yeye ni muzima

Leo majirani balikuya kulilia mujukuu wangu Kambale, na hakukufa.

Masika, wewe mwenye kushika simu, andika vile ninasema, usitengeneze.

Kambale anachezaka mu mafilme mafupi. Leo njo mara ya kwanza balimupatia nafasi kubwa. Bakamulaza mu sanduku la maiti, hapa mu parselle yangu, mbele ya nyumba, Butembo. Bamama ba filme bakaanza kupiga kilio.

Lakini kwetu, mutu akisikia kilio, anaacha chungu ku moto na anakimbia. Majirani bakafika na kuni na maharagi. Hakuna mutu aliwaambia kama ni filme.

Mama Kavira, mwenye balimuulia kijana wake kule Beni, akaanguka juu ya sanduku. Hakukuwa analilia Kambale. Alikuwa anaita jina la mutoto wake.

Réalisateur, mwenye kuongoza filme, akamusogezea kamera ku uso.

Nikamuambia, "Zima hiyo kitu."

"Mukaka, bibi yetu, ngoja kidogo. Hii ni machozi ya kweli."

"Njo maana uzime."

Kambale akainuka mu sanduku. Mama mumoja akakimbia bila viatu, tutamucheka kesho. Kambale akamushika Mama Kavira mabega, akamuambia réalisateur, "Futa ile sura yake mu kamera."

"Nikifuta, hauko tena mu filme yangu."

"Futa."

Réalisateur akafuta, sisi wote tukiangalia. Akabeba sanduku lake, akaenda.

Wewe réalisateur, najua utasoma. Ukipita tena mbele ya mulango wangu, nitakumwangia maji ya sahani.

Mwenye anatafuta acteur, mutu wa kucheza mu filme, aandike hapa chini. Kambale hana kazi tangu leo, na mimi sina haya ya kumuombea.