Chokaa ya Maziwa

Harufu ya chokaa mbichi hunikera mpaka leo. Baba alikuwa askari, na mwaka mmoja tulitolewa Kibra, kwenye mahindi na vivuli vyetu, tukapelekwa kambi ya jangwani kaskazini, mahali upepo unakutia mchanga hadi kwenye meno. Kila nyumba ilipewa debe moja la maji kwa siku: kupika, kunywa, kutawadha, yote humo. Na bado kila Ijumaa wake wa askari walitakiwa kuyapaka chokaa mawe ya kando ya njia, kwa maji hayohayo, ili Jumamosi afisa akipita ayaone meupe. Mawe! Yangebaki na rangi aliyoyapa Mungu, nani angekufa? Mwenye shibe hamjui mwenye njaa.

Ijumaa moja mdogo wangu Juma aliwaka homa, midomo imepasuka. Koplo aliyesimamia nyumba zetu akaja mlangoni. "Mama Zena, mawe yasipong'aa kesho, wewe na watoto mnapandishwa lori kurudi Kibra." Safari ya lori ilikuwa siku nne juani, Juma asingefika. Mama akamwambia, "Nimesikia. Sasa toka, unaniingizia vumbi." Maji yote akampa Juma. Kisha akachukua kawa lake la ukindu la kufunikia chakula, alilolisuka mwenyewe Kibra, akabadilishana na mama mmoja mfugaji kwa maziwa ya ngamia, akayakorogea chokaa. Jioni mawe yaling'aa kuliko ya jirani zetu wote.

Asubuhi yalikuwa meusi tii. Inzi wa jangwa zima walikuwa wamelala juu yake. Afisa aliposogea wakaruka wote pamoja, wakamjaa usoni, mdomoni. Akauliza kwa ukali ni kazi ya nani. Mama akasimama wima. "Mawe ni meupe, afande, tazama. Inzi si wangu." Koplo akageuka kukohoa. Afisa alitema mate, akapita haraka, na lori likaondoka bila sisi.

Juma alipona. Sasa ni mzee wa Mashimoni, anakuja hapa Makina, Kibra yetu ileile, kulalamika kwamba chai yangu haina maziwa. Juzi nikamkuta mjukuu wangu mlangoni na ndoo ya chokaa. "Haboba, napaka haya mawe, yatoke poa," ananiambia mimi bibi yake, huku anamimina mtungi mzima wa maji tuliyonunua kioski. Niliunyakua, nikaubeba ndani kwa magoti yangu haya mabovu. Mama alikuwa ameamriwa. Huyu, nani kamtuma?