Kanisa Alilonisimulia Mama

Umeme ukikatika hapa Ibra, Omani, nikawasha mshumaa, harufu ile ya nta hunirudisha kwenye kanisa ambalo sijapata kulikanyaga. Msinicheke. Nalijua kuliko msikiti wa mtaani kwetu.

Nilikuwa na miaka minane mama aliposafirishwa Ulaya kwenda kutibiwa, akafuatana na mdogo wake, mama mdogo Salma. Mimi nikabaki kwa bibi. Kila siku baada ya alasiri mama alipiga simu, na habari zake zilikuwa hizo hizo: kanisa kuu la kale lililokuwa mkabala na hospitali. Alinambia mishumaa haizimwi mle, vioo vyake ni vya rangi, na jua likipenya, sakafu ya mawe hugeuka buluu na nyekundu. Watu wakiingia hushusha sauti bila ya kuambiwa. Juu kabisa, pasipofika jicho la mtu, fundi kachonga konokono wa jiwe.

"Kamchonga Mungu tu amwone," alisema mama.

Bibi, mtoto wa Unguja aliyelelewa kwenye chuo cha Kurani, alikuwa akileta astaghfirullah chini chini, lakini sikio kalisogeza kwenye simu.

Basi nikaingiwa na wivu. Nilidhani mama kanogewa, hataki tena kurudi. Siku moja bibi aliponita, nilijifungia stoo pamoja na magunia ya tende, nikapaza sauti makusudi mama anisikie: "Mwambie akae na kanisa lake!"

"Hasira hasara, mjukuu wangu. Njoo umwamkie mamako."

Sikutoka ng'o. Nilimsikia bibi akisema, "Kanuna huyu. Kesho atazungumza." Kesho yake aliyepiga simu ni mama mdogo Salma, kutwambia mama amefariki.

Mwaka jana tu, tukinywa kahawa kwake, mama mdogo alinambia kwamba mama hakuwahi kuingia kanisani. Tangu wiki ya kwanza hakuweza kuinuka kitandani. Kila asubuhi alimtuma yeye: "Hebu nenda ukanitazamie jengine jipya, ya jana mwanangu keshayasikia." Kumbe maumivu yote yale aliyafunika kwa vioo na mawe, nisiyasikie mimi. Nami nikalionea wivu kanisa.

Nikamuuliza mama mdogo, siku ile niliyokataa simu, alikuwa kamletea mama jipya gani kutoka kanisani. Alifikiri sana, kikombe mkononi, kisha akasema kasahau.