Naomba Maji

Wifi yangu, mke wa kaka yangu, hajawahi kuomba maji jukwaani. Nataka hilo lijulikane mapema, maana mji huu una watu wa kusema lolote.

Kwenye kundi lake la maigizo kuomba maji kuna maana yake. Mwigizaji akisahau maneno, haruhusiwi kukodoa macho wala kuguna. Anasema tu, "Jamani, naomba maji." Aliye karibu anamletea glasi, na wakati anakunywa, fundi cherehani, aliyekaa nyuma ya pazia na karatasi za mchezo mapajani, anamnong'oneza mstari unaofuata. Kanuni hiyo aliitunga wifi mwenyewe. Watazamaji wageni walidhani kila mchezo wetu unahusu kiangazi.

Alianza akiwa msichana. Mchana alifundisha kupiga taipu, jioni aliigiza. Mchezo wa kwanza alipangiwa kuwa bibi harusi. Siku yenyewe, mama aliyekuwa acheze mama mkwe akaamka ana matubwitubwi, mashavu yamevimba, hata kuongea hawezi. Wifi akapakwa unga kichwani uwe mvi, akaingia badala yake, na balaa likaanzia hapo. Alimcheza yule mama mkwe vizuri mno, watu wakamzomea njiani mpaka kwao. Basi kila mchezo uliofuata, mama mkwe ni yeye. Mji mzima ukamwita Mama Mkwe, na binti wa watu hata kuolewa bado. Kaka alipomleta nyumbani, mama yetu alimtazama juu mpaka chini akauliza, "Sasa humu ndani mama mkwe atakuwa nani?"

Tulicheka mpaka tukashika mbavu. Yeye jina hilo lilimkera, na mpaka leo linamkera.

Uongozaji nao aliuokota chini. Mwongozaji wetu wa zamani, bwana mmoja wa kuvaa skafu hata jua likiwaka, alihamia mji mkuu na waigizaji wote wenye sura nzuri. Wifi akabaki na muuza vipuri mwenye kigugumizi na akina dada wawili wa saluni. Akakaa nao, akawafundisha kusimama, kunyamaza, kusikiliza mwenzako anapoongea. Kigugumizi kikaisha, muuza vipuri akawa hakimu ambaye ukimwona unatamani kukiri hata ambacho hukufanya. Alipoiva tu, mji mkuu ukamchukua. Ndivyo ilivyokuwa kwa wote. Wifi anapika, wengine wanapakua. Siku moja tukamsikia muuza vipuri redioni, anaulizwa nani alimfundisha, akamtaja yule wa skafu. Mimi nikaizima redio kwa hasira. Wifi akasema, "Washa, wifi. Nasubiri taarifa ya habari." Lakini mboga ziliungua siku hiyo, na yeye ndiye aliyekuwa jikoni.

Kitu alichobaki nacho ni ukumbi. Ukumbi wa manispaa, wenye viti vinavyolia mtu akipumua na pazia lililoshonwa viraka na fundi. Bila huo hakuna kundi, maana watu huwezi kuwafundishia sebuleni, kaka yangu anaangalia mpira. Zikaanza habari kwamba utapangishwa. Wifi akaenda ofisi ya utamaduni, akaonana na afisa ambaye tulimpa jina la Bwana Njoo Kesho. Akaenda tena, na tena, mpaka mlinzi wa getini akamuuliza kama ameshaajiriwa pale. Mwishowe yule bwana akasema atakuja kwenye onyesho letu, jibu atalitoa mbele ya watu.

Wifi alifanya mazoezi mpaka sote tukamchukia. Mchezo ulihusu mama anayeuza nyumba kwa siri huku wanawe wakiendelea kupaka rangi kuta. Mama huyo alikuwa nani, usiniulize.

Jumamosi alasiri ukumbi ulijaa. Bwana Njoo Kesho akafika tumeshaanza, na sehemu ya pili ilipoisha akadai ana kikao, anataka kuzungumza sasa hivi. Tukampandisha jukwaani. Fundi, kule nyuma ya pazia, haoni kitu na sikio lake moja limekufa. Alikuwa ameshafungua ukurasa wa sehemu ya tatu, anasubiri kazi.

"Ukumbi huu ni fahari yetu," akaanza bwana mkubwa. "Ofisi yangu ina mipango nao. Na mipango hiyo, ikishakamilika, mtajulishwa kwa... kwa utaratibu." Akafuta jasho, akakohoa. "Jamani, naomba maji."

Mnong'ono wa fundi unasikika mpaka kwa muuza karanga wa nje. "Nyumba nimeshaiuza, wanangu," ukasema. "Nilikuwa naona haya kuwaambia."

Watu wakaangua kicheko. Yule bwana hakucheka. Akatazama pazia, akatazama viatu vyake, akageuka rangi. Kicheko kikaanza kupungua, safu ya mbele kwanza, halafu ya nyuma, kila mtu akielewa kwa zamu yake. Wifi akatoka pembeni na unga wake kichwani na glasi ya maji mkononi, kama kanuni inavyotaka. Akampa. Akasimama akimsubiri, vile anavyowasubiri waigizaji wake.

"Endelea, mheshimiwa," akamwambia taratibu.

Akanywa yote. Halafu akasema, kwa sauti ndogo, kwamba mkataba ulishasainiwa zamani. Ukumbi utakuwa ghala la magodoro.

Sehemu ya tatu tuliicheza, wifi hakukubali watu waende nayo nusu. Alipofika kwenye mstari ule hakuna aliyecheka. Mimi nilikuwa mlangoni, nalia kwa hasira, nikitamani kumpiga mtu na kiti.

Siku ya kukabidhi funguo tulikwenda watatu, wifi, fundi na mimi. Fundi alibeba kasha la karatasi za michezo yote. Magodoro yalikuwa yameshaanza kushushwa, mlinzi wa ukumbi akihesabu. Wifi akampa funguo. Mlinzi ni shabiki wetu wa siku nyingi, akazipokea kwa mikono miwili akauliza, "Sasa Mama Mkwe, mchezo ujao mtachezea wapi?"

Wifi akayatazama magodoro. Akashika ukuta.

"Naomba maji," akasema.

Fundi akaweka kasha chini upesi, akainama, akaanza kupekua karatasi. Alipekua mpaka chini kabisa. Kisha akanyanyua uso akanitazama mimi, na mimi nikaenda dukani kutafuta maji.