Karani Anayesoma Wafaransa

Karani wa kituo chetu cha majani chai, huku Kimulot, husoma kitabu kimoja tu, cha wanafalsafa wa Kifaransa na waandishi waliowafuata. Jani la chai humwekea ukurasa. Tukishapimiwa majani yetu, tukingoja lori, hutusomea kwa sauti ya chini, kidole cheusi kwa utomvu kikifuata mstari. Jana alisoma kwamba usiamini kitu mpaka ukipime upya kwa akili yako mwenyewe. Mama Yunia, mkulima mwenzetu, akamwambia, "Basi anza na hiyo mizani, karani." Karani hakucheka. Alienda dukani, akarudi na pakiti ya unga ya kilo mbili, akaitundika kwenye mizani. Mshale ukasimama kwenye kilo moja na nusu. Akafunga kitabu bila kuweka jani. "Turudi mwanzo," akasema. "Nani alipimiwa wa kwanza?"