Mama Spika na Kurasa Zilizogandana kwa Chai

Saa tatu asubuhi. Dirisha liko wazi nusu, na kelele za barabarani zinaingia kwa adabu. Mama Spika anasafisha koo, anashusha miwani hadi ncha ya pua na kufungua kitabu kinene kama tofali. Mbele yake, kwenye kiti cha kuegemea, Profesa amefumba macho. Kuyafumba na kuyafumbua kwake sasa ni mamoja, maana hayaoni tena.

"Tulikomea wapi, mama?"

"Pale marehemu anapouliza kwa nini kuna vitu, badala ya kutokuwapo kitu chochote."

"Akajibu?"

"Bado, Profesa. Kitabu hatujafika hata nusu, tumpe nafasi."

Marehemu huyo si ndugu yao. Ni mwanafalsafa wa nchi ya mbali aliyetumia maisha yake yote kuulizia jambo moja: kuwapo ni nini? Aliandika kwa ugumu wa ajabu, na alipofariki aliwaachia wasomi kazi ya kugombania alichomaanisha. Mama Spika, aliyeishia darasa la saba, humwita marehemu tu. "Mtu unashinda naye kila siku, utamwitaje fulani?"

Jina la Spika alilipata stendi ya mabasi, alikotangaza safari kwenye kipaza sauti tangu usichana wake. Abiria walisema akitangaza basi lako limeondoka, unaona hata vumbi lake. Kisha wakubwa wakaleta sauti ya kurekodi, isiyokohoa wala kudai likizo, na mama akarudi nyumbani na koo lake.

Aliyemfuata ni binti wa Profesa, abiria wa zamani wa stendi hiyo. "Baba anataka mtu asiyemeza maneno," alimwambia. Malipo ni ya kila wiki, yanatosha kodi na umeme, na kama mumewe amemuudhi, anajinunulia soda na kuinywa njiani peke yake.

"Siku ya kwanza, sentensi moja ilinikata pumzi mara tatu," anasema. "Nikamuuliza, Profesa, huyu marehemu kwao nukta zilikuwa zinauzwa?"

Profesa alicheka, kisha akamwekea mkononi kikombe kitupu. "Kabla hujaniambia ni cha nini, mama, shangaa kwanza kwamba kipo. Kingeweza kusiwepo."

Pale alimwona mzee amechoka. Lakini neno lile lilimfuata hadi nyumbani.

"Nikatazama sufuria, ipo. Nikatazama mlango, upo. Nikamtazama mume wangu anakoroma, nikasema lo, na huyu naye yupo! Angeweza kusiwepo kabisa, na nisingejua nimekosa nini. Machozi yakanitoka. Halafu nikampiga kiwiko ageukie ukutani."

Mumewe, fundi cherehani, anathibitisha habari ya kiwiko. "Machozi sikuyaona," anasema.

Mshangao ule haujamtoka. Anasema baadhi ya asubuhi akifungua kitabu, mikono inapoa. Haelewi hata robo ya anachosoma, na hajifanyi kuelewa, ila anajua yuko mlangoni mwa nyumba kubwa mno.

Kwa Profesa, ndani ya nyumba hiyo kulikuwa na ugomvi. Yeye amefundisha maisha yake yote kwamba marehemu alikwenda njia moja tangu mwanzo hadi mwisho, ila uzeeni aliitazama kutoka upande mwingine. Msomi mwenzake, ambaye ofisi zao zilitenganishwa na ukuta mmoja na ndiyo maana humwita Jirani, anashikilia kwamba marehemu aliiacha njia ya kwanza katikati akaanza nyingine. Walibishana mbele ya wanafunzi hadi wakafikia kuitana wavivu wa kusoma. Tangu hapo, miaka ilipita ukuta huohuo ukiwa kati yao bila salamu.

Mwaka huu Jirani ametoa kitabu kipya. Profesa alitaka asomewe chote, kwa sababu anaandika sura ya mwisho ya kitabu chake mwenyewe, na anajua hakutakuwa na kingine baada yake.

Katika nyumba ile kuna sheria moja: chai haikaribii kitabu. Chai ya Profesa haina sukari. Ya Mama Spika ina sukari ya watu watatu, na huinywea juu ya ukurasa, kwa sababu mwenye sheria haoni. Kwa kawaida pia hupitia kurasa za siku hiyo kwa macho kabla ya kuzisoma kwa sauti. Jumatatu ile alichelewa, akaingia na kuanza moja kwa moja.

Akasoma: "Baada ya kumsoma marehemu upya, nakiri kwamba," akafunua ukurasa, "mwenzangu alikuwa sahihi, na mimi nilikosea."

Profesa aliinua mkono. "Simama hapo. Rudia."

Akarudia. Kisha mzee akaomba apigiwe Jirani simu.

"Jirani, upo?"

"Nipo."

"Njoo Alhamisi tunywe chai."

Mchana huohuo Profesa alianza kuiambia mashine ya kurekodi sura yake ya mwisho, akimshukuru mwenzake kwa ujasiri wa kukubali kosa.

Kesho yake, Profesa akiwa ananyolewa ndevu, Mama Spika alifungua kitabu na kuona karatasi mbili zimegandana kwa sukari. Alizitenganisha kwa rula. Ndani, Jirani alikuwa anakiri kwamba swali ni gumu, basi. Na mwisho wa kurasa zile zilizofichika aliandika: "Wapo wanaodai kwamba," ndipo yakafuata yale ya mwenzangu alikuwa sahihi. Sentensi iliyofuata ilisema: "Wanaodai hivyo hawajasoma."

"Nikaikumbuka ile rekodi," anasema. "Kitabu cha mzee wangu kikichapishwa hivyo, atachekwa na dunia nzima, na hatapata kingine cha kujisafishia."

Jumanne hakusema. Jumatano alimwambia mumewe. "Nyamaza," alishauri fundi. "Wazee wamepatana, wewe unataka nini tena?"

"Wamepatana juu ya chai yangu!"

Alhamisi Jirani alifika na fimbo yake, akasimama mlangoni kama mgeni wa posa. Profesa alimpapasa mkono wa koti hadi begani, akaushikilia. Mama Spika alifungua kinywa aseme taratibu, ikamtoka ile sauti ya stendi:

"Tangazo kwa wote! Kurasa mbili zilirukwa. Kosa ni la msomaji, pamoja na chai yake!"

Jirani alichukua kitabu na kuzisoma kurasa zile mwenyewe, kwa sauti, hadi pale penye "hawajasoma". Mama Spika alikwisha shika mkoba wake.

"Kwa hiyo hujakubali," alisema Profesa.

"Sijakubali."

"Hata kidogo?"

"Hata chembe."

Profesa alijipiga paja kwa kicheko. "Afadhali! Siku hizi silali. Nilikuwa nawaza, kama Jirani amekubali, basi huenda mimi ndiye nimekosea."

"Ila ulinipigia," alisema Jirani polepole.

"Nilikupigia. Kaa."

Wakabishana hadi jua likahama dirisha. Mama Spika aliketi, mkoba mapajani, akawatazama wazee wawili, mmoja haoni, mwingine hasimami bila fimbo, wanavyowaka juu ya jambo lisilonunulika wala kulika. "Nilipata baridi mwilini. Niliogopa hata kukohoa."

Ile rekodi imefutwa. Sura inaandikwa upya, na kila Alhamisi Jirani huja kuipinga sentensi kwa sentensi. Chai ya msomaji sasa inakaa dirishani. Profesa huuliza iko wapi kabla kitabu hakijafunguliwa.

Kitabu kikitoka, Profesa anataka sura ya mwisho isomwe na Mama Spika, katika ukumbi wa chuo, mbele ya wasomi. Mama ameanza kushonewa gauni na mumewe, na kila jioni anafanya mazoezi ya pumzi akipika.

"Maisha yangu yote nimetangaza vinavyoondoka," anasema. "Naomba Mungu anipe uzima, mara moja tu, nitangaze kilichopo."